Kilomita 80 kwa siku mbili: Arusha hadi Moshi ukifuata majina

Kutoka Arusha hadi Moshi ni kama kilomita 80. Kosta inazimaliza kwa saa mbili hivi, kushusha na kupakia humo humo. Mimi nataka utumie siku mbili kwa njia hiyo hiyo, na ukiulizwa ulikuwa wapi muda wote huo, jibu lipo kwenye vibao vya barabarani. Ulikuwa Maji ya Chai. Ukapita Serengeti ambayo si ile Serengeti. Ukaoga Chemka na hukuungua. Ukamalizia Shantytown, mbele ya mageti ambayo fundi wa kuchomelea ameyafanyia kazi mwezi mzima.

Nimekulia Arusha, na njia hii nimeipita mara nyingi nikiwa nimelala, kichwa kimeegemea kioo. Aliyeniamsha ni shangazi yangu aliyeolewa Machame. Siku moja nampeleka kwake, kila tukipita kituo ananiuliza: "Hapa panaitwaje? Kwa nini?" Nilikuwa sina jibu hata moja, na shangazi si mtu wa kunyamazia jambo. Tangu hapo nikaanza kusimama na kuuliza. Nilichokiona ni kwamba majina mengi ya njia hii yanataja maji, na yanayobaki mengi yanamtaja mtu. Ukishajua hivyo, safari inajipanga yenyewe.

Hatua ya 1: Panga siku

Anza Jumamosi. Siku hiyo ndiyo ya soko kubwa la Tengeru, na Jumapili itakukuta upande wa Hai na Moshi.

Kwa msimu, Januari na Februari mlima unaonekana vizuri, na vumbi linavumilika. Machi hadi Mei ni masika: kijani kila mahali, lakini barabara za pembeni zinageuka utelezi, na mwongozo huu una barabara za pembeni mbili. Julai na Agosti Arusha inajifunika wingu zito la baridi, unaweza kukaa siku tatu usiuone Meru uliosimama juu ya kichwa chako. Kilimanjaro nao una tabia yake: huonekana alfajiri, huonekana tena jua likikaribia kuzama, na katikati ya mchana huvuta shuka. Wageni wanaofika saa saba mchana wanadhani wamedanganywa.

Hatua ya 2: Gari na mahali pa kukaa

Gari dogo linatosha kwa njia kuu. Kwa Chemka na Ngarenanyuki, lililonyanyuka kidogo litakupunguzia wasiwasi. Hakikisha kuna tairi la akiba lenye upepo, jeki, pembetatu mbili na mtungi wa kuzimia moto ambao haujapitwa na tarehe, maana trafiki atauulizia. Kwenye makazi mwendo ni 50, na makazi ya njia hii hayaishi. Faini ni shilingi 30,000 kwa kosa, na tochi hazipigi honi kabla ya kukupiga. Lakini wewe huna haraka, sivyo?

Abiria akae kushoto. Ukitoka Arusha kwenda Moshi, milima yote miwili iko upande huo, Meru kwanza, Kilimanjaro baadaye. Dereva atafute miwani ya jua, kwa sababu asubuhi unaelekea mashariki na jua linakuja usoni moja kwa moja.

Huna gari? Safari hii inafanyika kwa hiace, tena pengine ni nzuri zaidi. Panda ya karibu, shuka, zunguka, panda nyingine. Mwambie konda jina la kituo mapema, kabla hajaanza kugombana na mtu wa chenji.

Hatua ya 3: Jifunze kuuliza

Hapa ndipo wengi wanakosea. Mtu anashusha kioo, gari linanguruma, anarusha: "Oya, kwa nini hapa panaitwa hivi?" Atajibiwa chochote, na ana haki ya kujibiwa chochote.

Zima gari. Shuka. Nunua kitu, hata ndizi mbili. Tafuta mtu mzima aliyekaa, si anayetembea. "Shikamoo mzee." Subiri marahaba. Uliza habari za nyumbani, jitambulishe unatoka wapi, ndipo uulize jina la mahali. Uliza watu wawili zaidi. Majibu yakifanana, umepata historia ya pale. Yakitofautiana, umepata hadithi tatu kwa bei ya ndizi mbili.

Usiulize umbali, au ukiuliza usiamini. "Hapo mbele tu" inaweza kuwa mita mia mbili, inaweza kuwa mlima mzima.

Neno moja la Kimaasai litakusaidia sana: *enkare*, yaani maji. Kwenye vibao vyetu limekuwa "ngare". Ngarenaro ni maji meusi. Ngarenanyuki ni maji mekundu. Ngarenairobi ni maji baridi, jina lile lile lililouzaa mji mkuu wa Kenya. Ukiongeza Maji ya Chai unakuwa na rangi tatu na ubaridi, na bado hujatoka kwenye miteremko ya milima hii miwili.

Hatua ya 4: Jumamosi asubuhi, ndani ya Arusha

Anzia Ngarenaro, saa moja asubuhi, kwa chai na chapati. Maji meusi utayatafuta kidogo, mji umeyafunika. Karibu na hapo kuna Unga Limited, mtaa uliochukua jina la kampuni ya kusaga nafaka, na mpaka leo mtu anakwambia bila kucheka, "Naishi Unga Limited." Upande mwingine wa mji kuna Philips, jina la kampuni ya redio. Viwanda vinaweza kufungwa, watu wakahama, lakini konda akishalishika jina huwezi kumnyang'anya.

Shika barabara ya Moshi. Utapita Kwa Mrefu. Huyo ni wa kundi la pili la majina, yale ya watu: Kwa Mrefu, Kwa Mrombo, na mbele huko Kwasadala. Kanuni yake ni nyepesi. Mtu alikuwa na duka, nyumba au shamba pale, abiria wakawa wanasema "nishushe kwa fulani", na fulani akawa kituo. Mrefu hakuhitaji hata jina lake la ubatizo, kimo kilitosha.

Barabara ya njia nne inakusindikiza mpaka Tengeru halafu inakuacha. Kuanzia hapo ni njia mbili, malori na bodaboda. Punguza mwendo kabla haujapunguzwa.

Hatua ya 5: Tengeru, saa tatu nzima

Usiipite Tengeru kwa dakika ishirini. Soko la Jumamosi linashusha watu kutoka vijiji vya Meru na ndizi za kila aina: za kupika, za kuiva, za mtori, na zile za kuchoma ambazo muuzaji atakukataza usizichemshe. Ukiona wauza loshoro, kunywa. Ni mahindi ya kukobolewa na maziwa mgando, chakula cha Waarusha na Wameru, na ukinywa bakuli moja utasahau habari ya chipsi mpaka jioni.

Ukishiba, tembea hadi ziwa Duluti. Ni ziwa dogo ndani ya kreta, limezungukwa na msitu, na njia ya kulizunguka kwa miguu inamalizika kwa mwendo wa polepole kabla hujachoka. Kenge wapo. Hawana shida na mtu asiye na shida nao.

Kitu kingine ambacho watu wa Arusha wenyewe hukipita: makaburi ya Wapolandi. Wakati wa Vita Kuu ya Pili, kuanzia mwaka 1942, wakimbizi karibu 5,000 kutoka Poland, wengi wao wanawake na watoto, waliletwa kuishi hapa Tengeru. Waliojaliwa kuendelea na safari waliondoka baada ya vita. Wengine wamelala hapa, chini ya majina marefu yenye konsonanti zinazogongana, kando ya migomba. Nenda kwa heshima, kuna mtunzaji, na kuna kitabu cha wageni. Shangazi alisimama pale muda mrefu akijaribu kusoma jina moja kwa sauti, akashindwa, akaliombea hivyo hivyo.

Hatua ya 6: Usa River, na maji ya rangi ya chai

Kibao cha Usa River kikiandikwa kwa herufi kubwa, wageni hupiga picha wakiwa chini yake wakidhani kuna uhusiano na Marekani. Hakuna. Inasomwa "usa", kama unavyoiona.

Mbele kidogo ni Maji ya Chai. Simama. Usiishie barabarani, omba mtu akuelekeze kwenye mto. Maji yake yana wekundu wa chai iliyokolea, na aliyepaita hivyo hakusumbua akili.

Sasa jambo la kuzingatia. Maji ya upande huu wa Meru yana floraidi nyingi kwa asili, kwa sababu ya miamba ya volkano. Ndiyo maana utaona watu waliokulia hapa wana meno ya rangi ya kahawia. Wala si uchafu wala uzembe, na usiwatazame midomoni wakiongea. Kwa mpita njia, glasi moja haina neno, lakini kama unakaa siku kadhaa, hasa na watoto wadogo, tumia maji ya chupa. Na kuchemsha hakusaidii: mvuke unapanda, floraidi inabaki sufuriani, ikizidi kukolea. Tatizo hili ni kubwa kiasi kwamba kuna kituo cha utafiti cha kuondoa floraidi hapo hapo Ngurdoto.

Hatua ya 7: Panda kwenye maji mekundu

Kutoka barabara kuu, njia ya kushoto inapanda hadi geti la Ngongongare la Hifadhi ya Taifa ya Arusha. Hifadhi hii ilianzishwa mwaka 1960 ikiitwa Kreta ya Ngurdoto, na kwa mwenyeji kiingilio si cha kuogopesha. Beba kitambulisho cha taifa ili ulipe kama mwenyeji, na uwe na njia ya kulipa bila pesa taslimu.

Ukishaingia tu unafika Serengeti Ndogo. Ni uwanda mdogo wa nyasi uliozungukwa na msitu. Twiga, pundamilia, nyati na ngiri wanakula pamoja, na yote unayaona bila kutoka garini. Aliyepaita hivyo alikuwa na ucheshi. Kama bajeti yako haijafika ile kubwa, hii itakushika mkono.

Panda Ngurdoto uchungulie kreta kutoka ukingoni. Kushuka chini hairuhusiwi kwa wageni, na ukitazama nyati walivyotulia kule chini utaona sababu. Halafu Momella, maziwa ya magadi yenye flamingo, na kila ziwa lina rangi yake kidogo.

Ukiwa na muda, endelea hadi Ngarenanyuki, nchi ya nyanya na vitunguu, nyuma ya mlima, ambako mvua hupungua na vumbi huanza. Hapo Meru haufanani na ule wa mjini. Upande huu unaona jeraha la kreta yake, kama chungu kilichovunjika ukingo. Lakini ukifika saa tisa na bado hujageuza gari, geuza. Lala Usa River au Maji ya Chai. Nyumba za wageni zipo za kila bei, uliza tu kama maji ya moto yapo, si kama "yanakuja".

Hatua ya 8: Jumapili, saa 12 asubuhi

Hii ndiyo hatua nisiyokubali uiruke. Toka kabla ya jua. Pita Kikatiti, na msitu wa migomba utakuachia ghafla uwanda mkavu kuelekea njia panda ya KIA, uwanja wa ndege wa Kilimanjaro. Tafuta mahali pana pa kuegesha, nje kabisa ya lami, washa taa za hatari, zima injini.

Mbele kushoto ni Kibo, mita 5,895, na pembeni yake Mawenzi yenye meno, mita 5,149. Nyuma yako Meru. Chai ya chupa uliyoibeba utainywa hapo. Kufikia saa tatu pazia linaanza kufungwa.

Hatua ya 9: Bomang'ombe na maji yasiyochemka

Bomang'ombe ni makao makuu ya Hai na ni njia panda ya kuchagua. Kaskazini, lami inakwenda Sanya Juu na nchi ya Ngarenairobi, maji baridi, upande wa magharibi wa Kilimanjaro ambako baadhi ya wapanda mlima huanzia geti la Londorosi. Ni njia nzuri, ni tulivu, na ni siku nyingine. Leo unashuka kusini.

Kusini ni Chemka, kijijini Rundugai. Watalii wanapaita chemchemi ya maji moto, nami nimeshuhudia watu wakitumbukiza kidole cha mguu kwa tahadhari kama wanaogopa kuungua. Maji si ya moto. Jina limetokana na namna yanavyotoka chini, yakitibuka kama sufuria lililo jikoni. Ni ya vuguvugu dogo, ya buluu, maangavu kiasi kwamba unaona mizizi ya mikuyu hadi chini, na samaki wadogo watakuja kukutekenya miguu.

Fika kabla ya saa nne, kwa sababu Jumapili mchana muziki na watu vinazidi maji. Maeneo mengine ni ya kina, asiyejua kuogelea abaki kwenye kingo au avae boya. Patana bei ya boya na ya kulinda gari kabla, si baada.

Kuhusu barabara: ni ya vumbi jepesi la kijivu, na likilowa linakuwa sabuni. Mimi niliingia Aprili moja na kigari changu cha chini, nikijua kila kitu. Tulizama mara mbili. Mara ya pili vijana sita walitutoa, mmoja wao akaniambia kwa upole, "Bro, Aprili watu huwa wanakuja na pikipiki." Shangazi alibaki ndani ya gari muda wote, akisema yeye ni mzigo wa heshima.

Hatua ya 10: Kwasadala, Mailisita, Karanga

Rudi barabara kuu. Kwasadala simama kwa ajili ya chakula: mtori, au kiburu cha ndizi na maharage kama utakipata. Mbege, pombe ya ndizi, ipo ndani ndani. Dereva aisikie tu harufu.

Barabara inashuka na kupanda mabonde ya mito inayotoka mlimani, Kikafu, Weruweru na mingineyo. Njia panda ya Machame ndipo shangazi huniaga. Mbele ni Mailisita, ambayo jina lake ni hesabu: maili sita kufika Moshi, tangu zamani barabara zilipopimwa kwa maili. Weka alama kwenye kipimo cha gari, utaona inakuja karibu kilomita kumi. Tulihamia kilomita zamani, lakini Mailisita haikuhamia.

Halafu Karanga. Usishuke kutafuta karanga. Ni jina la mto, na gereza la hapo linafahamika kwa kiwanda cha viatu.

Hatua ya 11: Moshi

Joto litakwambia umefika, maana umeshuka mita mia kadhaa kutoka Arusha. Jina la mji lenyewe lilianzia juu, Old Moshi, kwenye nchi ya Mangi Meli, chifu wa Wachagga wa hapo, aliyenyongwa na Wajerumani tarehe 2 Machi 1900. Mji huu wa chini ulikua na reli. Kama una nguvu, panda Old Moshi kesho yake asubuhi, mwendo ni mfupi na migomba ni mingi.

Jioni zunguka mitaa. Kusini kuna Pasua, na kuna Bomambuzi, ambayo ukishatoka Bomang'ombe unaona kabisa mifugo ilivyogawanywa. Soweto ipo pia. Kisha panda Shantytown. Kwa Kiingereza jina hilo ni la mtaa wa mabanda. Hapa ndipo penye bustani, miti mikubwa na ukimya wa watu waliotulia kifedha. Egesha, tembea kwa miguu, subiri saa kumi na mbili. Siku nyingi wingu hufunguka dakika chache hivi, na Kibo hutokea juu ya mapaa, karibu mno.

Ukibaki na siku ya tatu

Rudi Arusha upite upande wa pili, barabara ya Dodoma hadi Makuyuni, kisha kulia kwenda Mto wa Mbu. Kutoka Arusha ni kama kilomita 120. Mbu wapo kweli, beba dawa ya kujipaka, na beba nafasi garini ya ndizi nyekundu.

Njiani, kati ya Kisongo na Makuyuni, kuna Duka Bovu. Nilisimama nikauliza duka lilikuwa bovu kwa nini. Mzee wa kwanza alisema moja, mama wa pili akasema jingine, kijana wa tatu akamkatalia mama. Nikawaacha wakibishana, nikanunua soda kwenye duka la jirani. Ilikuwa ya baridi, na chenji ilikuwepo.